Matusi ya Baada ya Idi

Masaki, Kisarawe
20 Januari 2025

Kwako Mahona, mtani wangu, mtumwa niliyemrithi kwa babu,

Sikusalimii. Mtu asiyepokea simu hana haki ya salamu. Wasalimie ng'ombe wako, hasa yule dume wa pembe moja mwenye akili kukushinda. Nimepiga mpaka yule dada wa mtandao nimemchoka. Meseji unanijibu "sawa". Nikikuandikia nimetumbukia kisimani, utasema "sawa"? Basi nimerudi kwenye karatasi, kama enzi zile ulipokuwa ukituandikia michezo kwa mkono na sisi tunakesha tunanakili. Anakuletea Jumbe, huyu wa pikipiki anayeleta mkaa wa huku Masaki hadi kwenu Soga. Mpe maji. Ugali usimpe, ule ugali wenu wa Kisukuma mtu akila haendeshi tena.

Sasa kaa chini. Tumekumbukwa!

Kuna kijana anaitwa Brighton, ana kampuni ya vipindi hapo Kibaha, Kwa Mathias, ghorofani juu ya duka la vyombo. Alikuja mpaka shambani kwangu na viatu vyeupe, akaondoka navyo vyekundu. Anataka kuwarudisha Bi Kiroboto wangu na Mzee Tundu wako kwenye televisheni. Anasema wanawe wanatuangalia kwenye simu, vile vipande vya zamani, wanacheka mpaka wanapaliwa. Na anataka kipindi kifunguliwe na wimbo wetu wa mlangoni, tuurekodi upya, wewe nje umechelewa kurudi, mimi ndani nimekataa kufungua. Kasema bila sisi wawili hakuna kipindi.

Mahona, nina hamu. Nakuambia wewe tu. Nimeigiza mama mkwe, mchawi, hakimu, na maiti mara mbili. Nimeimba taarabu kumbi zote kuanzia Mlandizi hadi Kilwa, nimeitikia kiitikio cha wale vijana wa kizazi kipya wakati hata maneno yao siyaelewi, nimetangaza sabuni iliyonitoa vipele. Juzi zahanati nesi kaniuliza jina. Nikamwambia Faudhia Kibwana. Akaandika hata uso hakuinua. Nikakohoa kile kikohozi cha Bi Kiroboto, akaruka: "Jamani, kumbe bado upo hai!" Pale nilicheka naye. Nyumbani nililia.

Brighton anatutaka Jumamosi, tarehe mosi Februari. Oga uje.

Mwenye mali yake,
Faudhia


Soga, Kibaha
24 Januari 2025

Kwako Faudhia, binti wa watu waliouza mashamba wakacheze ngoma ya mwali,

Barua yako imefika ikinuka mkaa, nikajua ni wewe. Simu yangu ilitumbukia kwenye hori la ng'ombe, dume akainywea maji. Ndiyo maana siku hizi anajibu yeye "sawa".

Habari ya Brighton nimeisikia. Mwambie amtafute Mzee Tundu mwingine, wazee wenye pua kubwa hawajaisha Tanzania. Mimi nimestaafu kwa lazima. Kuna kitu kimeota kooni, kimeanza tangu mwezi wa kumi, nilidhani ni mwiba wa samaki wenu. Daktari kule mjini kasema tarehe 12 mwezi wa pili wananichinja, wanaondoa koromeo lote. Nikitoka hapo sisemi wala siimbi. Hata kukoroma sijui kama nitaruhusiwa. Ufurahi sasa, maana tangu nikujue unaniambia nifunge bakuli langu.

Kwa hiyo njoo Jumapili ya tarehe 9, kabla hawajanichinja. Njoo tuimbe wa mlangoni mara ya mwisho, mimi na wewe, hapa uani. Usipokuja, nikifa nitakuja huko Masaki nikukalie kifuani na uzito wangu wote. Leta mihogo. Ndugu zako usiwalete, wanakula kama nzige.

Bwana wako aliyekununua kwa debe la mtama,
Mahona


Masaki, Kisarawe
29 Januari 2025

Mtumwa wangu Mahona,

Wee! Nimecheka mpaka jirani kaja kuuliza kuna nini. Koromeo! Umekaa chini kabisa ukatunga koromeo!

Unadhani nimesahau? Mwaka ule tulipomaliza ile filamu ya Kibaha, ile ambayo nyumba moja ilikuwa hospitali asubuhi, mchana kituo cha polisi, jioni kwa mganga, si ulimtuma marehemu mkeo Modesta, Mungu amrehemu, anipigie kwamba umekufa? Nikaja na kanga za msiba. Nikaanza kulia tangu barabarani, Soga nzima ikatoka kunitazama. Nikaingia uani nakukuta umekaa, unatafuna michembe, viazi vyenu vile vikavu, unaniuliza: "Mfiwa, utakula?" Sasa unataka nije tena nilie bure? Hunipati.

Basi kama ni kuchinjwa, uchinjwe. Ila waambie wakuelekeze kibla, ili na mimi Mwislamu nipate kula. Shingo nitawaachia wachawi wenzako, pale hapana nyama, ni kelele tupu. Na hilo koromeo wasilitupe, wawape watu wa reli hapo stesheni yenu, litafaa kwa honi.

Mimi siji Soga. Wewe ndiye utakuja Kwa Mathias Jumamosi, umechana nywele. Mahona, usinifanyie mchezo kwenye hili, kijana kasema ni wawili au hakuna.

Anayekula nyama yako,
Faudhia


Soga, Kibaha
3 Februari 2025

Bi Faudhia Kibwana,

Salamu. Natumaini hujambo wewe na nyumba yako.

Naandika bila mzaha. Nilikwambia kwa namna yetu, hukuniamini, na sikulaumu. Mimi na wewe tangu tujuane hatukuwahi kuwa na namna nyingine ya kusemezana, kwa hiyo leo nakuandikia kama mtu anavyomwandikia mtu.

Ninaumwa. Ni saratani ya koo. Simu sikupokea kwa sababu sauti imeharibika na sikutaka uisikie hivyo ilivyo, imekwaruza, inakatika. Ila asubuhi, kabla sijasema na mtu, inakuwepo kidogo. Jumapili ile nitaamka nikae kimya nisimsemeshe yeyote, si Rahabu binti yangu wala si ng'ombe, nikuwekee wewe hicho kilichobaki.

Nakuomba kwa heshima zote, Bi Faudhia, uje.

Nisamehe kwa Brighton. Najua ulivyokuwa na hamu.

Wako katika heshima,
Mahona Gideon


Masaki, Kisarawe
6 Februari 2025

Bwana Mahona Gideon,

Umeniita Bi.

Nimeisoma mara ya kwanza nikadhani imekosewa bahasha. Bi Faudhia Kibwana! Natumaini hujambo na nyumba yako! Tangu lini? Wewe uliyeniita kinyago mbele ya mkuu wa wilaya, na watu wakapiga makofi? Kwetu, mtani akianza kukuita Bi ujue ameshauvunja utani, hana habari na wewe tena. Hata ndugu zangu wakigombana mpaka kupelekana kwa mjumbe ndipo wanaitana hivyo.

Jumamosi nilikaa ghorofani Kwa Mathias tangu asubuhi. Nimevaa dera jipya, nimepaka wanja. Kila hatua ya ngazi nasema huyo. Mwisho Brighton kaja kuniambia: "Mama, nimempigia Mzee, kapokea binti yake, anasema Mzee haimbi tena." Basi. Akaniletea soda, ile soda ya kumwondoa mtu.

Kama hutaki kuimba na mimi, si ungesema? Umeona nimezeeka, nitakuaibisha? Umeona hiyo kazi ndogo? Sema. Lakini umeninyima, halafu unanitungia ugonjwa, na nilipokataa kudanganyika unautunga tena kwa sauti ya kanisani. Nakujua, Mahona. Wewe ndiye uliyeigiza yule mgonjwa wa kifua, watu Kibaha wakakuletea maji ya dawa mpaka nyumbani. Barua hii nimeisikia yote kwa sauti ya yule mgonjwa.

Umenivunja moyo. Nami nakujibu kwa heshima zote: sitakuja.

Faudhia Kibwana


Soga, Kibaha
16 Februari 2025

Shikamoo mama Faudhia,

Mimi ni Rahabu, binti wa Mzee Mahona. Najua unanikumbuka, ulinibeba kwenye mchezo nilipokuwa mtoto mchanga wa Bi Kiroboto. Baba hajui kama nakuandikia. Amelala.

Mama, Baba amefanyiwa upasuaji Jumatano. Wametoa koromeo lote. Sasa anapumulia tundu hapa chini ya shingo, na hana sauti hata kidogo, hata kunong'ona hawezi. Tumemnunulia kibao cha chaki cha wanafunzi, anaandika.

Nakuandikia kwa sababu ya Jumapili ile. Aliamka mapema akajinyoa. Akatoa viti viwili uani, akanionyesha kwa mkono nisimsemeshe, na watoto wangu nikawapeleka kwa jirani wasije wakamsalimia akajisahau akaitikia. Barua yako ya kukataa alikuwa nayo mfukoni. Nikamwonyesha kwa ishara, Baba, si amesema haji? Akatikisa kichwa. Alikuwa anaamini utakuja, kwamba na ile nayo ni utani. Pikipiki ya Jumbe ilipita na mkaa, akasimama. Ikaenda. Alikaa mpaka jua likawa kali, nikaweka kiti kwenye kivuli, akahama nacho. Mchana akaingia ndani. Neno la kwanza alilosema siku ile ni "Rahabu, nipe maji," na sauti ikaishia hapo hapo kwenye maji.

Nilimwambia aimbe peke yake nirekodi kwenye simu tuwe nayo. Akakataa. Akaninong'oneza kwamba ule wimbo ni wa watu wawili, mmoja akiuimba ni kichaa anagonga mlango.

Siandiki kukulaumu, mama. Na mimi nisingeamini, huyu baba ni muongo tangu nizaliwe. Lakini njoo umwone.

Mwanao,
Rahabu


Soga, Kibaha
24 Februari 2025

Kwako Faudhia,

Ulipoondoka juzi nilimwambia Rahabu, kwa chaki, kwamba nimezikwa nikiwa nimekaa.

Uliingia umejitanda kanga mpaka machoni. Ukavua viatu mlangoni, kwa mtu mwenye samadi hadi sebuleni. Ukaniamkia! Ukasema "shikamoo kaka". Nani kaka yako? Ukakaa ukingoni mwa kiti kama umekuja kuposa. Ukasema pole, ukasema pole tena, ukamuuliza Rahabu, siyo mimi, kama nakula. Nikaandika kwenye kibao: "Hicho ni wanja au masizi?" Ukasoma, ukalia. Nikaandika: "Mihogo iko wapi, mwizi?" Ukazidi kulia, ukanishika mkono, ukaniomba msamaha kwa ajili ya kibla na kwa ajili ya honi.

Faudhia, ile ya kibla ndiyo iliyonipeleka chumba cha upasuaji nikiwa nacheka. Nesi aliniuliza kinachonichekesha nikamnong'oneza kuna Mzaramo mmoja ananisubiri na sahani. Usiniombe msamaha kwa hilo, utaniharibia.

Mimi ndiye niliyekosea. Nilikuita Bi kwa sababu niliogopa. Nikakuona ulivyojibu, nikasema nimeshajimaliza. Na juzi umenirudishia, nimeona uchungu wake. Wote wanaokuja hapa wananionea huruma. Mchungaji ananionea huruma, majirani, hata wale Wasukuma wenzangu wa ng'ombe wanaingia na sauti ndogo. Nilikuwa nimebakiza mtu mmoja.

Kuna jambo jingine. Mwaka ule, Modesta alipokwisha kutimiza mwaka kaburini, tulipokuwa tunangoja basi Kwa Mathias baada ya kurekodi, nilikwambia uje nyumbani kwangu ukae kabisa. Ukasema kwanza nisilimu, pili ng'ombe mia, tatu nijifunze kula samaki bila kukabwa. Nikacheka. Nilicheka kwa sababu wewe ulicheka. Sikuwa natania, Faudhia. Nilikuwa nimeshazungumza na sheikh mmoja wa Mlandizi. Nilipokwisha kucheka nikaona siwezi tena kurudi nyuma niseme hapana, ile ilikuwa kweli. Ungeanguka kwa kicheko.

Sikuombi jibu la hilo, limepita. Daktari hakusema kama wamekitoa chote. Alisema tusubiri, na mimi nimeigiza madaktari wengi, najua maana ya "tusubiri". Ninachokuomba ni kimoja. Niandikie barua unitukane. Matusi ya kwetu yale, ya kweli, karatasi nzima. Nisikie nipo.

Mtani wako, kama bado upo,
Mahona


Masaki, Kisarawe
5 Machi 2025

Rahabu mwanangu,

Marahaba. Mwambie baba yako barua yake nimeipata na nimeisoma mpaka imechanika mkunjo.

Nimejaribu. Wallahi nimejaribu, mwanangu. Mimi ukiniambia lia, nalia jicho la kushoto peke yake, kamera ikitaka. Ukiniambia cheka nacheka mpaka mpiga picha anatikisika. Lakini nikishika kalamu nimtukane baba yako naona lile tundu la shingoni, naiweka chini. Nimeandika "wewe pua ya" nikakwama hapo siku nzima. Na lile jambo jingine alilolisema, sijui nilitie wapi. Nalala nalo, naamka nalo.

Halafu mfungo nao umeingia. Hii ni Ramadhani, Rahabu, nani anatukana na funga mdomoni? Kuna mtu hapa aliwahi kusema mtani haharibu funga, lakini siwezi kuchezea. Mwambie, Mwenyezi Mungu akitufikisha, siku ya Idi nikishatoka kuswali namwandikia, hata pilau sitagusa kwanza. Mwambie ajiandae. Mwambie nayakusanya, yanazidi kuwa makali.

Mpe maji ya uvuguvugu. Mwezi mmoja si mwingi.

Mama yako,
Faudhia


Masaki, Kisarawe
31 Machi 2025, Idi mosi

Kwako Mahona, mtumwa wangu, pua ya kiatu, Msukuma uliyepotea njia ukifuata mkia wa ng'ombe mpaka ukatokea Pwani,

Idi Mubarak, ingawa hukufunga. Wewe hata ukinyamaza kwa amri ya daktari unakula. Nimetoka kuswali sasa hivi, pilau linanukia, sijaligusa. Kaa vizuri upokee haki yako.

Ulikuwa na sauti ya fisi aliyebanwa mlangoni. Miaka yote nilikuwa nakufunika na ya kwangu, watu wakasema mnaimba vizuri. Mnaimba nani? Ulipokuwa unaingia kwenye ubeti wa pili, mpiga kinanda alikuwa anafumba macho, wewe ukadhani kanogewa! Ulicheza filamu kumi na mbili ukiwa na uso mmoja. Wa furaha huo huo, wa msiba huo huo, wa mapenzi huo huo, basi tu mpiga picha alikuwa anageuza taa. Ulipoigiza tajiri ulikuja na suti ya mazishi ya mjomba wako. Ulipoigiza maiti ulipiga chafya. Na ile michezo uliyotuandikia, mwandiko wako kuku alikuwa anausoma vizuri zaidi. Mimi nilikariri kwa kubahatisha, ndiyo maana nikawa maarufu kukushinda.

Hilo tundu lako la shingoni nimeliona. Nikalia, ndiyo, nililia kwa sababu nilijua sasa una mahali pawili pa kunukia kitunguu. Kwa hicho kibao unachoandikia umezidi kuwa mwanafunzi, na bado unakosea herufi. Sebule yako inanuka zizi na zizi linanuka sebule. Godoro lako limebonyea kama hori.

Brighton karudi hapa. Kanitafutia Mzee Tundu mpya, kijana mdogo kapakwa unga kichwani awe na mvi. Akasimama nje ya mlango wangu akaimba ubeti wako, vizuri sana, sauti nyororo. Nikamwambia Brighton mlango siufungui. Akasema mama, hii ndiyo nafasi yako ya mwisho, nikamwambia najua. Akaondoka. Sikujuta, na ungenijua ungejua inanigharimu.

Sasa lile la Kwa Mathias. Mjinga wewe. Mjinga mkubwa, usiyejua hata kuposa. Mtu anaposa akiwa ameshika kifurushi cha karanga? Nilicheka kwa sababu niliogopa kwamba unatania na mimi nimeshakubali moyoni, nikaona nikuwahi nizuie aibu. Nilipofika nyumbani nilijifungia nikalia, na siku iliyofuata tukarekodi nikakupiga kibao cha kweli kwenye onyesho, ukadhani ni uigizaji bora.

Nimekubali. Haya, umesikia, nimekubali. Ng'ombe ulionao hao hao, usinunue mwingine. Samaki nitakuchambulia miba. Dini tutaenda kumwuliza yule sheikh wako wa Mlandizi. Ndugu zangu watapiga kelele, watachoka. Nakuja baada ya Idi pili na godoro langu, na mihogo, na nakuja kukaa. Huwezi kusema? Vizuri. Mume asiyejibu nimemtafuta maisha yangu yote. Wa mlangoni nitauimba mimi, wako na wangu, wa kwako nitautolea puani ndivyo ulivyokuwa, na wewe utagonga tu.

Jumbe anasema leo haendi Soga, anakula sikukuu. Kesho asubuhi anakuletea. Nimemwambia akichelewa nitamtukana na yeye.

Mkeo, mwenye mali yake, anayekula nyama yako,
Faudhia


Soga, Kibaha
3 Aprili 2025

Shikamoo mama,

Nilikupigia tangu Alhamisi ile, hukupatikana, na Jumbe hakupita huku mpaka Jumanne. Baadaye Jumbe akanieleza umeme wa huko ulikuwa umekatika. Nimemwomba asikwambie kwa mdomo, akuletee barua hii na akae hapo mpaka umeisoma.

Baba alifariki Alhamisi, tarehe 27, alfajiri. Usiku ule lile tundu lilitoa damu, tukatafuta gari, tukalipata limechelewa. Tulimzika Jumamosi pembeni ya mama yangu Modesta.

Wiki yake ya mwisho hakutaka tena watu. Pikipiki ikipita aliinua kichwa. Nilimwambia, Baba, amesema Idi, akaandika kwenye kibao: "Idi lini?" Nikamwambia mwezi ukiandama. Akaandika: "Wazaramo wavivu hata mwezi wao unachelewa." Alicheka kwa mabega. Siku ya Jumatano aliuliza tena, idi lini, nikamwambia bado kidogo.

Barua yako ilifika Jumanne, siku tuliyoanua matanga. Watu walikuwa wamejaa uani, wamekaa wamejiinamia, msiba wenyewe mzito, maana watani wa Kizaramo waliokuja walikuwa wawili tu, wakamuogopa mchungaji wakashindwa hata kumwiga Baba kama watani wanavyofanya msibani. Jumbe akanipa bahasha mbele yao wote. Wakauliza ya nani hiyo, nikasema ya mtani wake, Bi Kiroboto. Wakasema isome! Nami nilijua umeandika matusi, kwa sababu ndiyo aliyokuwa anayangoja, nikaona ni haki yake yasomwe. Sikuipitia kwanza, mama. Nisamehe kwa hilo.

Nikasimama nikasoma. Walicheka, mama. Pale kwenye fisi walicheka, kwenye kupiga chafya mchungaji alifunika uso na Biblia. Wajomba wa Baba wa kutoka Shinyanga walikuwa wanafutana machozi. Tangu Alhamisi hakuna aliyekuwa amecheka pale nyumbani.

Halafu nikageuza ukurasa nikafika pale uliposema umekubali. Nilishaanza sentensi, nikashindwa kuikata. Nikaisoma. Ndipo wakacheka kuliko pote. Wakapiga makofi, mzee mmoja akasimama akasema huyu ndiye mtani, hata na maiti anaolewa! Nikawatazama. Nikaendelea kusoma.

Mwanao,
Rahabu